Nane za Heidrun

Saa kumi na moja alfajiri, Füssen.
Nje baridi inauma masikio, ndani inauma meno.
Mimi ndiye mwenye funguo. Mimi ndiye mwenye trekta
linalokwangua barafu chakavu na kutema maji ya moto.
Yeye ana miaka tisa, soksi mbili mbili,
na baba yake, muuza jibini, anasinzia garini, injini inanguruma.

"Usifute bado, Bwana Xaver. Sijaiona."

Alikuwa amechora nane.
Mguu mmoja, ukingo wa nje wa chuma, pumzi imebanwa,
duara likajifunga palepale lilipofunguka,
kisha la pili, kama mtu anayerudia neno
mpaka neno limkubali.
Mara tatu juu ya mstari uleule,
na mstari bado mwembamba kama unywele.

Siku hizo mashindano yalianza hivyo:
bila muziki, bila watu.
Majaji wenye makoti ya manyoya wakiinama, mmoja akipiga magoti,
wakisoma barafu kama karani asomaye hati ya shamba.
Hapo Heidrun Wölfle hakuwa na mpinzani.
Dortmund, mwaka wa sabini na tisa, aliongoza taifa zima
mpaka jioni.

Jioni walikuja watu, na taa, na televisheni.
Jioni ilitakiwa kuruka.

Kuteleza si kuanguka, wahenga walinena,
ila wahenga hawakuwahi kumwona Heidrun hewani.
Aliruka kama mtu anayechukua mkopo
asijue atalipa kwa nini.
Alilipa kwa nyonga.
Alilipa kwa kifundo cha kushoto, mara mbili.
Goti lake likaanza kutabiri theluji kuliko redio.

Wa kwanza asubuhi, wa sita usiku.
Wa tano. Wa saba.
Mwaka mmoja wa tatu, medali ya shaba,
mama yake akaitundika jikoni
kando ya ratiba ya wazoa taka.
Ulaya alikwenda mara moja tu: wa kumi na nne,
na sanduku la nguo likapotelea Frankfurt.

Niseme la moyoni.
Nilikuwa nachelewa kufuta makusudi.
Nikizima taa zote isipokuwa moja,
nikikaa juu ya trekta na chupa ya chai,
nikizitazama nane zake zikimetameta ubavuubavu,
mpaka chai ikapoa, mpaka meneja akapiga simu.
Maji yakimwagika hayazoleki;
kazi yangu miaka thelathini na moja ilikuwa kuyamwaga.

Kisha wakubwa wa mchezo walikaa mezani
wakaona duara halivutii kwenye kioo cha televisheni.
Wakaipunguza thamani yake: thelathini kwa mia,
ishirini kwa mia,
hewa.
Heidrun alikuwa na miaka ishirini na minne.
Alisoma barua ile amevaa kiatu kimoja.
"Haya," akasema. "Wamekushinda kufuta, Bwana Xaver."
Akavaa na cha pili, akafanya mazoezi yake kama kawaida.
Sikumwona tena kwa miaka.

Nasikia anauza miwani Kempten.
Anapima macho ya wazee, anawaambia wasome herufi ndogo.

Siku yangu ya mwisho kazini alikuja.
Hakuleta maua. Alileta viatu.
Nyonga inalia, alisema, tusiharibu muda.
Akasukuma. Akashika pumzi.
Duara la kwanza safi. La pili
likapita mlango wake kwa upana wa kidole.

Nikashuka, nikapiga magoti na suruali yangu ya kazi.
"Alama?"
"Nne nukta mbili."
"Mwongo wewe. Tatu nukta tisa."

Watoto wa hoki walikuwa mlangoni, wakigonga fimbo sakafuni.
Nikawasha trekta.