Karatasi Nyeupe

Kwenye jukwaa la Dunda ilikuwa rahisi:
Pazi anajipaka unga wa muhogo, ni Mzungu;
anajipangusa nusu kwa kanga, ni Mshihiri wa duka la kona;
anapiga chafya, unga wote unaruka,
anabaki mtu asiyejua apange foleni ipi.
Watu walicheka hadi viti vikalia.
Hakuna aliyeuliza kama huyu ni yule yule.
Walijua. Ndiyo maana walicheka.

Sasa televisheni imekuja Bagamoyo na nyaya zake.
Mama Mgaya wa ofisini amesoma muswada,
kila ukurasa kaweka alama ya kuuliza:
“Tafuteni waigizaji watatu, wa rangi tatu,
mtazamaji asichanganyikiwe.”
Nikamwandikia: Bibi,
kuchanganyikiwa ndiko tunakokuuzia.
Hajajibu. Ametuma kopo la poda,
namba saba, kahawia ya wastani.
Wastani wa nani na nani, kopo halisemi.

Babu yangu, mama yake alifika pwani na mzigo kichwani;
baba yake alikuwa mwenye mzigo.
Makarani wa sensa walimwandika mara tatu, makabila matatu,
na mara zote tatu alikuwa amesema kweli.
Mchezo huu niliuanzia hapo,
kwenye kalamu iliyositasita.

Saa nne asubuhi. Temba wa kamera anataka mtu
asimame, ashike karatasi nyeupe.
“Ya nini?”
“Kamera haijui nyeupe ni ipi. Lazima iambiwe.
Ikishaikubali, rangi nyingine zote itazipanga yenyewe.”
Hakuwa anaigiza.
Pazi akanitazama. Mimi nikautazama muswada,
kurasa sitini na mbili, miaka minne,
na fundi kaisema yote kwa pumzi moja
huku anatafuna kitumbua.

Karatasi safi haikuwepo. Tukashika ile
iliyofungia vitumbua, manjano kwa mafuta.
Kamera ikaambiwa: hii ndiyo nyeupe.
Ikaamini.
Na sote tukageuka buluu:
Pazi buluu, unga wake buluu, ukuta wa matumbawe buluu,
Chausiku na kopo lake namba saba,
buluu ya wastani.

“Nirekebishe?”
Dirishani watoto walikuwa wamejazana.
Mmoja akachungulia kioo kidogo cha kamera,
“Yule Pazi,” akasema,
kama anayetaja siku ya wiki.

Acha hivyo hivyo, nikamwambia Temba.
Halafu nikaomba kitumbua kilichobaki.