Kata

Siri ya mtungi, walisema wa kale, aijuaye kata.
Basi mimi nilikuwa kata.
Miaka tisa, kila Jumapili saa mbili usiku,
nyuma ya bohari lililowahi kuuza mazulia, Wolverhampton,
nilihesabu sadaka juu ya ubao wa kupigia pasi,
vumbi la sufu likinikereketa koo.

Noti nilizinyoosha. Sarafu nilizipanga kumi kumi.
Daftari la kijani, la fedha.
Jekundu, la maungamo:
nani alitazama mpira siku ya mfungo,
nani alimpigia simu mama yake aliye nje ya Zizi,
yote kwa mwandiko wangu mzuri wa shule ya masista.

Aliyetoka tulimwita Mkavu.
Hatukumsalimu. Akipanda basi, tulishuka,
hata mvua ikinyesha, hata kama ni basi la mwisho.
Nilishuka mara nne. Nilijiona shujaa.

Kisha Mzee Anyambilile.
Baba Elifasi alimwambia sindano za sukari ni uhaba wa imani.
Akazileta madhabahuni, zote, na boksi lake.
Wiki ya pili mguu ukaanza kunuka.
Ya tatu, tuliimba kwa sauti zaidi.
Sadaka yake ya mwisho: pauni arobaini.
Niliiandika. Nikapiga mstari kwa rula.

Sikutoka siku ile. Nataka lijulikane:
nilikaa miezi saba zaidi,
nikihesabu.

Leo karani wa mahakama ya vifo kaniuliza,
utaapa kwa Biblia, au utaahidi tu?
Swali dogo, la kila shahidi. Nikasimama nalo
hadi mtu akakohoa.
Nitaahidi, nikasema,
na magoti yakajikunja nusu, kwa mazoea.

Nikasoma. Tarehe, jina, kiasi.
Wakili wa Baba akainuka taratibu:
Nani aliandika haya?
Mimi.
Na mstari huu chini yake, ulionyooka hivi?
Mimi.

Safu ya tatu alikaa Tumpe, ndugu yangu wa tumbo moja.
Macho yake yalinipenya
yakaenda kuhesabu magari yaliyoegeshwa nje ya dirisha.
Kavaa koti langu la bluu. Kifungo cha pili bado hakipo.

Usiku, simu. Namba imefichwa. Hakuna neno.
Ila nalisikia birika,
lile nililonunua mwenyewe sokoni Bilston,
filimbi yake ilishakufa, sasa linakoroma tu kama mzee wa mafua.
Maji yanachemka, hakuna anayeyaepua.
Nilitaka kusema: tia tangawizi.
Nilitaka kusema: lile koti, nipe nilishone kifungo.

Kata ni chombo. Kata ni amri pia.
Dakika sita. Saba.
Upande wa pili mtu anavuta kamasi.

Sikati.