Pampu ya Baiskeli

Kitete waliniuliza, panauma wapi?
Nikaonyesha kiuno, nikaonyesha tumbo.
Muuguzi akaandika, akanipa vidonge ndani ya bahasha ya kaki.
Hilo lilikuwa swali jepesi.

Nilirudi Isevya kwa miguu, mchana wa Septemba,
mchanga wa moto, miombo haijachipua,
kanga tatu mpya kikapuni
bado zina ugumu wa dukani,
hakuna aliyefungwa ndani yake.
Ulikuwa uani, Mihayo, umepindua baiskeli,
magurudumu juu.
Ukanitazama. Ukasema, "Pole. Tutapata mwingine."
Kisha ukasema, "Pampu umeiweka wapi?"

Nikakujibu.
Hilo ndilo nisilojisamehe: nilikujibu.
"Chini ya kitanda, nyuma ya dumu la asali."
Nikakusikia ukijaza upepo,
fyuu, fyuu, fyuu,
nami nahesabu kama niliyetumwa kuhesabu.
Thelathini na nne, gurudumu la nyuma.

Tangu siku hiyo natafuta neno.

Nimejaribu kuuma. Lakini nyuki nao wanauma:
unarudi kutoka Sikonge uso umevimba,
nakutoa miiba kwa ukucha, mmoja mmoja,
unacheka, tunakula.
Mwiba wako sikuona niutie ukucha wapi.

Nimejaribu uchungu. Hilo wenye watoto
walishalichukua, wana haki nalo;
mimi uchungu niliupata, cha kuonyesha sina.

Nimejaribu hasira. Ni kiatu cha mtu mwingine:
natembea nacho mpaka sokoni,
nikirudi nakivua mlangoni, nakupakulia.

Dada yako Kalunde akaniletea la kwake,
limekunjwa, limepigwa pasi: vumilia.
Sikulivaa.

Na shida ni kwamba hukuwa mbaya.
Ungenipiga, ningempelekea mjumbe alama.
Ungenitukana, ningelirudia tusi mbele ya mama.
Sasa nimwambie nini? Mama, ameulizia pampu?
Mtu huyuhuyu aliyeuza mizinga minne nikasomee ushonaji,
anayenimenyea viazi kwa ajili ya kidole changu kibovu,
anayelala kaniwekea mkono mgongoni
kama anayezuia mlango usisukumwe na upepo.

Kila asubuhi unaniuliza, hujambo?
Nami, sijambo.
Miaka sita, sijambo.
Sina jambo, jambo sina, hakuna jambo,
na jambo lenyewe limekaa nasi mkekani, linakunywa uji,
lina miaka sita, mwakani linaanza shule.

Leo nachuja asali. Inashuka kwenye kitambaa
bila haraka ya mtu yeyote.
Uani umepindua baiskeli.
Ukaita, "Nyamizi, mbona kimya? Hujambo huko?"

Nikatoka, mikono inanata.
"Nina jambo," nikasema.
Ukacheka kidogo, ukadhani ulimi umeteleza.

"Siku niliyotoka Kitete uliulizia pampu.
Niliumia."

Sikuongeza kidogo. Sikuongeza tu.
Sikusema, lakini yameshapita.
Niliumia: neno la kila mtu,
hata mtoto aliyejikwaa kizingitini analo.
Nililiruka mara ngapi nikitafuta kubwa zaidi.

Ulikuwa umeshika valvu, upepo unatoka.
Hukuiziba.
Tukasimama tukiusikiliza
mpaka gurudumu likalegea kabisa,
na wewe, ukiutazama mpira, si mimi,
ukauliza kwa mara ya kwanza,

"Alikuwa wa kike?"