Dakika ya Kimya

Nilibeba stendi ya kamera kutoka barabarani
hadi kwa bibi Semgovano, juu kabisa, Kidabaga,
Juni, ukungu umelalia njegere,
Frauke mbele yangu akihema, daftari kifuani.
Elfu thelathini kwa siku, kutafsiri na kubeba.
Sikuuliza kipi kilikuwa na bei gani.

Kwao, aliniambia tukipumzika,
vita ya Ulaya iliifunika ya huku
kama sufuria juu ya kisufuria.
Babu wa babu yake yuko ukutani, juu ya piano,
sharubu, vifungo, mnazi wa kuchorwa nyuma yake.
"Alikuwa Afrika," husema, wakipitishiana keki,
kama mtu asemaye fulani alikuwa sokoni.

Bibi alitukaribisha viazi.
Akaishika ile picha, akauliza
kama vifungo vile vilikuwa vya shaba.
Kisha akasema, kwa Kihehe, akimenya:
"Baba mkubwa aliondoka na sanduku la risasi.
Sanduku lilifika."

Nikatafsiri. Sikuongeza kitu.

Frauke akafungua daftari la mzee wake.
Nyumbu wameandikwa kwa majina: Lotte, Max,
na yule aliyevunjika mguu mtoni.
Wapagazi: mia mbili na kumi.
Kesho yake: mia moja tisini na nane.
Kesho yake mvua.

Nilitafuta neno la ujira, ulimi ukaleta *hela*.
Lao hilo. *Shule* nayo yao.
Nimekwenda shule nipate hela
na hapa nimesimama, mkanda umenikata bega.

Mwishoni akaomba tunyamaze.
Dakika moja tu, ni kazi ya sauti:
kila nyumba ina kimya chake,
atakihitaji akiunganisha picha.
Bibi akacheka hadi kikohozi kikamshika.
"Na kimya chetu nacho mnakibeba?
Haya. Kipimeni vizuri, kizito hicho."

Tukanyamaza.
Kuku akadonoa ukoko.
Kuni mbichi ikalia motoni.
Bonde zima pikipiki moja, ikapotea.
Na kabla dakika haijatimia, bibi, chini ya pumzi:
Lugendo. Lugendo wa Mgongolwa. Lugendo.
Hakutuangalia. Alikuwa anamenya.

Niligeuka kumtazama Frauke, nikidhani atasema turudie.
Vidole vyake vilikuwa juu ya kitufe.
Taa nyekundu ikaendelea kuwaka,
dakika ya pili, ya tatu,
viazi vikapoa.

Kushuka, akang'ang'ania kushika upande mmoja wa mfuko.
Hatulingani kimo. Mfuko ukayumba,
ukanigonga goti, tukasimama kwenye utelezi.
"Pole," akasema.
Alitaka kusema samahani.
Sikumsahihisha. Saa zangu za kutafsiri
zilikuwa zimekwisha.