Mkono wa Kulia Huchelewa

Hilari Nambecha alizaliwa Lukuledi,
mwaka ambao mama yake aliuhesabu kwa nzige.
Mapadri wa Ndanda walimpa kazi ya mivukuto:
yeye nyuma ya kinanda, akikanyaga upepo,
bruda mbele, akisifiwa.
Miaka sita ya kuwapumulia wengine.

Walipokuja Nachingwea kulima karanga
kwa matrekta yaliyokuwa vifaru jana yake,
klabu yao ililetewa piano, na piano ikatafutiwa mtu wa kuifuta.
Vumbi la Nachingwea ni jekundu, halifutiki siku moja,
kwa hiyo Hilari akawa na ajira ya kudumu,
na kila kitambaa kilipopita
kilitoa neno.
Funguo nyeupe alizionea haya kwanza.
Nyeusi alizisalimia:
"Wewe mpingo. Ulikwenda Ulaya, umerudi umevaa."

Karanga hazikuota. Hilo linajulikana.
Wenyewe wakafunga mizigo,
piano ikanunuliwa na Jivraj wa Lindi kwa shilingi arobaini,
pamoja na mtu anayejua kuifuta.
Akashuka mjini juu ya lori, kafungwa nayo kamba moja,
na kila shimo la barabara lilipiga noti
ambayo baadaye aliitumia.

Jumamosi, godauni la korosho, magunia ndiyo viti.
Hilari katika viatu viwili, vyote vya kushoto.
Mkono wa kushoto ukatembea, ti-pu, ti-pu,
mpagazi na mzigo wake, hana haraka, hana ugomvi.
Wa kulia ulichelewa makusudi,
kama mume anayerudi usiku
akijua mlango umefungwa na mke hajalala.
Hapo katikati, penye pengo hilo,
watu walicheka bila kujua wanacheka nini.

Mke mwenyewe alikuwepo jukwaani: Somoe Likoko,
kaniki hadi kwapani, kimya dakika nzima,
halafu kifuniko cha piano, paa! juu ya vidole vya Hilari.
Vidole vilikuwa vimeshatoka. Karibu kila mara.
Walimwiga pia karani wa mizani
anayesoma kilo akiwa amefumba macho.
Karani alikuja wiki ya pili, akalipa, akacheka,
wiki ya tatu akaleta polisi.

Alitunga thelathini na moja.
"Mzani wa Kipofu." "Viatu vya Kushoto." "Somoe Nifungulie."
Aliziandika nyuma ya stakabadhi za korosho:
msumari ni sauti fupi, mbegu ni ndefu,
na alama moja mfano wa ndoana
ambayo hakuna anayeijua.
Ninazo kumi na moja. Nilizipeleka Mtwara kwa mwalimu wa muziki,
akavaa miwani, akavua.
"Haya," akasema, "ni madeni ya mtu."
Huenda. Siku zile alidaiwa.

Kulikuwa na bwana wa redio na mashine yake ya kunasa sauti.
Alitoka Dar es Salaam mwezi wa masika.
Mto Mbwemkuru ulimweka ng'ambo siku tisa.
Siku ya kumi aligeuza gari.

Mchwa wakala piano kuanzia miguu.
Hilari, sasa mlinzi wa godauni lilelile,
aliwapa watoto wa Mtanda zile nyaya wakategee panya,
na msimu ule, naambiwa, panya hawakuchomoka:
walinaswa kwa sauti nene, walinaswa kwa nyembamba,
wakaliwa na ugali.
Alikufa mwaka wa foleni za sukari.
Kaburini alisindikizwa na watu saba na karani wa mizani.

Somoe ni bibi yangu.
Jina langu limemtoka, la mama yangu pia.
Juzi niligonga meza kwa mkono wa kushoto,
ti-pu, ti-pu,
wa kulia nikauchelewesha nilivyoweza.
Akanitazama muda mrefu.
Akainua trei ya chai
na kunipiga nayo vidole.

Mimi sikuwahi kuvitoa.