Tafuta Thamani

Kiwanja cha Majani Mapana,
ishirini kwa arobaini, mita mia nane za mraba.
Baba alikinunua kwa malimbikizo ya kiwanda cha saruji,
akapanda michongoma pande mbili.
Ya tatu haikumngoja.

Shehe alitugawia kwa kalamu nyekundu:
mama, thumuni.
Saba ya nane iliyobaki, mafungu manne:
Mbaruku mawili, Zubeda moja, mimi moja.
Fungu langu, saba juu ya thelathini na mbili.
Sikunung'unika. Hesabu ilikuwa sahihi,
na mimi nafundisha darasa la sita.

Eda ilipokwisha mama akasema atakaa na mimi.
Tuunganishe chake na changu, tukate mraba mmoja,
jiko lielekee barabarani aone wapitao.
Mbaruku akageuza bahasha ya ankara ya maji,
akaandika:
juu, moja na saba, nane;
chini, nane na thelathini na mbili, arobaini.
"Nane juu ya arobaini. Moja ya tano.
Mita mia na sitini!"
Akapiga mistari miwili chini ya jibu.

Kosa hilo nimelisahihisha miaka kumi na moja.
Watoto hulifanya saa sita mchana, wakiwa na njaa.
Mbaruku alikuwa ameshiba.

"Asili hazijumlishwi, kaka. Hufananishwa kwanza.
Mimi peke yangu nina mia na sabini na tano.
Mama ana mia.
Tumeungana, tumekuwa mia na sitini?
Nani aliwahi kuongezewa akapungua?"

"Mimi," mama akasema,
"mwaka ule baba yenu alipooa Korogwe."
Zubeda akapaliwa na chai.
(Yule wa Korogwe aliachika kabla ya mahindi kukomaa.
Hayumo kwenye asili.)

Nikaichukua bahasha.
Thumuni ni nne juu ya thelathini na mbili.
Nne na saba, kumi na moja.
Mara mia nane, gawanya: mia mbili sabini na tano.

Sasa ubavu wa mraba.
MAGAZIJUTO haikitaji kipeuo,
lakini paa lake nalo ni mabano:
yamalizeni ya ndani kabla hamjatoka nje.
Ishirini na tano mara kumi na moja.
Ishirini na tano inatoka, imekuwa tano.
Kumi na moja imebaki ndani
kama aliye edani,
ila hii yake haina siku ya kutoka.

Kumi na sita mara kumi na sita, haifiki.
Kumi na saba, imepita.
Kumi na sita nukta tano, nane, tatu, moja...
Mbaruku alikuwa kimya, anazifuata kwa kidole.
Sikumuuliza kama alikosea
au alikosesha.

Jumamosi tulikwenda na kamba ya katani,
futi ya fundi, na vigingi vya mkarafuu maiti.
Ujia wa mita tatu na ushei ukabaki upande wa Zubeda.
Mbaruku ndiye aliyeshika ncha ya mbali.

"Hiyo namba yako inaishia wapi?" mama akauliza.
"Haiishi, mama."
"Basi mwambie kaka yako aache kuvuta."