Mguno

Studio ya Sinza, ukutani tumebandika magodoro,
feni tumezima isiingie kwenye kinasa sauti.
Jasho. Kwenye kioo Hisae Morinaga
ni mtoto wa kiume mwenye upanga, anafoka;
mimi nina mimba ya Rehani, mwezi wa saba, nafoka naye.

Nilidhani Kijapani kitanishinda.
Kumbe maneno yake huishia irabu, kama yetu:
mdomo ukibaki wazi, neno langu linaingia
kama mguu kwenye ndala ya dada.

Baadaye akatoka nyuma ya katuni, tukaiona sura yake.
Muuguzi. Mjane. Wakili mlevi.
Nikazeeka naye, kwa malipo ya kipande kwa kipande.
Pale anapovuta pumzi kabla ya kudanganya
nami huvuta.
Mume wangu alikuja kuijua pumzi hiyo.

Jana fundi Masanja kaleta filamu yake mpya.
Ameigiza bubu. Dakika tisini, hana neno.
“Hii haina kazi yako, mama.”

Nikamwambia, zima feni.
Kuna mahali anamenya chungwa, peke yake,
anajikata kidole,
anaguna.

Huo mguno ni wangu.